Kodi Atalipa Sungura

Jamani, mtu mzima na ndevu zangu, leo asubuhi nimeambiwa niache kumwigiza sungura.

Mimi ni mtunzi wa muziki wa vipindi vya watoto vya televisheni. Mnapoona katuni zinaruka na kuimba a-e-i-o-u, nyuma yake yuko mtu mwenye kinanda, kompyuta yenye pumu, na madeni. Tangu katuni za Ubongo Kids zianze hapa Dar mwaka 2014, watu wanadhani kila anayetunga wimbo wa hesabu anakaa kwenye kiyoyozi. Wakwe wameambiwa niko televisheni, basi kila siku wanakodolea macho taarifa ya habari ya saa mbili.

Sasa bi mkubwa mwenye nyumba. Kaja saa moja asubuhi, kavuta kiti, kakaa mlangoni pangu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Miezi sita yangu."

Nikamweleza kwa heshima zote kwamba kuna malipo ya wimbo nayasubiri.

"Wimbo gani? Mbona redioni sikusikii?"

"Wa watoto, mama. Wa televisheni."

"Aaa. Na wa watu wazima utaanza lini?"

Kabla sijajibu, mjukuu wake akatokea na uji kidevuni, anaimba: "Sugua, sugua, viganja!" Mungu hamtupi mja wake! Nikasema, mama, wimbo huo nimeutunga mimi.

Mtoto akanikazia macho. "Mwongo. Ameimba Sungura."

"Sungura ni katuni, baba. Maneno yangu, muziki wangu."

"Sungura hana ndevu."

"Usimfundishe mtoto uongo," bibi akasema.

Hapo heshima yangu ikadai ushahidi. Mjue kwamba wataalamu wa afya wanataka mikono isuguliwe kwa sabuni angalau sekunde 20. Nami niliutunga wimbo sekunde 20 kamili, mapigo 120 kwa dakika, baa kumi za mapigo manne manne, haupungui wala hauzidi. Nikasimama, nikasafisha koo, nikauimba wote, na vitendo juu. Wapangaji wakatoka. Dada wa chumba cha uani akatoka na mswaki mdomoni. Kufika kwenye kucha, mtoto akapiga kelele: "Bibi, anakosea! Ya kucha haipo!"

Ni kweli haipo. Mtayarishaji aliukata ukabaki sekunde 12 ili lipite tangazo la biskuti, kwa hiyo watoto wa nchi hii wananawa viganja, kucha wanamwachia Mungu. Nikajaribu kumwelewesha yule mtoto. Katika maelezo yote alishika neno moja tu, biskuti, akaanza kuililia.

"Umeridhika, umemliza?" bibi akanyanyuka. "Acha kumwigiza Sungura wa watu. Na kama wimbo ni wako, huyo Sungura aniletee kodi."

Mnacheka. Huko Marekani, Joe Raposo alikuwa mtunzi wa nyimbo za Sesame Street, kipindi cha watoto cha televisheni, tangu kilipoanza 1969. Wimbo aliomtungia chura wa kitambaa, mwimbaji nguli Frank Sinatra mwenyewe aliuimba. Sungura wangu hajaimbwa hata na bendi ya harusi! Kwenye mahafali ya chekechea wanaupiga mara mbili, wazazi wanalia, na mimi nimesimama nyuma pale nauliza kama soda ni za bure. Hapa kwetu Tanzania, Sheria ya hakimiliki ya 1999 inamlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa. Bi mkubwa hataki ya baada ya kufa, anataka kabla ya tarehe tano. Na mkataba wangu unasema wimbo umenunuliwa jumla, mara moja, basi. Jumla! Hata nyanya wanakuongezea moja.

Na Ijumaa wanataka wimbo wa kuhesabu mpaka kumi. Studio ndicho chumba cha kulala, godoro nimelisimamisha ukutani lizuie mwangwi, kwa hiyo siku za kurekodi nalala sakafuni. Halafu kuna jogoo wa jirani. Kila nikifika saba, anawika. Nikirudia, ananisubiri saba. Nimemwendea jirani kwa adabu, ananiambia jogoo huyo ni wa sikukuu. Sikukuu ipi? Idi imepita, Krismasi imepita, jogoo yupo! Nikasema basi niuzie mimi. Akanitajia bei. Hivi nyie mmepita sokoni karibuni, mkaulizia kuku wa kienyeji?