Chainizi Ina Kosa Gani?

Jamani, chainizi, ile mboga ya majani ya Kichina, imemkosea nani? Wenyewe kule Guangdong, China, wanaikaanga kwa mafuta, kitunguu saumu na chumvi, dakika mbili, ipo mezani. Ikifika jikoni kwetu inakutana na nyanya tatu, kitunguu maji, karoti, hoho, kiungo cha paketi, mpaka tui la nazi nalo linakuja kushuhudia. Nusu saa baadaye mtu anatangaza kapika Kichina!

Halafu kuna mchanga. Chainizi inauficha kule chini vikonyo vinakoshikana, sijui inajenga wapi. Tenganisha kikonyo kimoja kimoja, osha kwa maji matatu. Wengine wakishaosha, mboga inachuruzika moja kwa moja hadi kwenye karai! Mafuta yanawarukia, moto unazidiwa, na kinachoitwa kukaanga kinakuwa kuchemsha. Iache kwenye chujio nusu saa. Ndiyo, nusu saa kwa mboga ya dakika mbili.

Gramu 400 zinatosha. Majiko yetu hayana moto wa mgahawani, ukijaza karai pomoni joto limekwisha. Karai tupu lipate moto hadi litoe moshi mwembamba, ndipo utie mafuta vijiko vikubwa 2. Saumu punje 4 zilizopondwa, sekunde 10, inukie tu. Ikishakuwa kahawia ni chungu, mwaga uanze upya. Vikonyo vitangulie dakika 1, majani yafuate nusu dakika, chumvi nusu kijiko cha chai, sukari kidogo sana. Geuza bila kupumzika.

Na huyo mwenye kifuniko, nani kamwita? Asidi ya mboga hutoka na mvuke. Ukiifungia humo, kijani kinageuka kaki.

Anayeogopa mafuta achemshe maji mengi yenye chumvi na kijiko cha mafuta, atumbukize mboga dakika 1, aepue, achuje vizuri, kisha amwagie sosi ya chaza kijiko kikubwa 1 iliyopashwa na maji vijiko 2. Sosi hiyo ina chumvi yake tayari. Mtu anaonja? Wapi! Anaongeza chumvi, anaongeza sosi ya soya, halafu anashangaa watoto wanamaliza jagi la maji.

Ukishapakua, usimngoje yule wa "nakuja, namalizia mechi." Dakika 5 tu mboga inatoa maji sahanini. Atakuja, ataikuta imelowa, na lawama zote kwa mpishi.