Miaka Mitatu Ihesabiwe Kuanzia Lini?

Tangazo la mtihani wa kupandishwa cheo katika utumishi wa umma halikosi sharti la muda: mwombaji awe ametumikia cheo cha sasa kwa miaka isiyopungua mitatu, mahali pengine mitano. Sina ugomvi na miaka yenyewe. Ninachokipinga ni tangazo kukaa kimya kuhusu siku miaka hiyo inapoanza kuhesabiwa, maana hapo ndipo wenye sifa wanapokatwa majina.

Fungua jalada la mtumishi yeyote. Utakuta barua ya ajira. Utakuta fomu ya kuripoti kazini, ya wiki kadhaa baadaye. Halafu kuna barua ya kuthibitishwa kazini, iliyopaswa kutoka muda wa majaribio ulipokwisha, lakini imechelewa miezi minane kwa sababu mkuu wa idara hakujaza fomu ya tathmini. Tarehe tatu, mtu mmoja. Akihesabiwa kwa tarehe ya kuripoti, anafanya mtihani mwaka huu. Akihesabiwa kwa ya kuthibitishwa, asubiri awamu ijayo, na awamu hizo hazina ratiba ya kuaminika. Mwenzake aliyeripoti siku hiyohiyo, ila bosi wake hujaza fomu kwa wakati, ameshaingia ukumbini.

Kwangu mimi, uzembe wa mwajiri usimgharimu mwajiriwa. Kama hakuna barua ya kumwongezea muda wa majaribio, achukuliwe kuwa amethibitishwa, na muda wake uhesabiwe tangu aliporipoti. Najua jibu la maofisa utumishi: kuthibitishwa si muhuri tu, ni uamuzi. Haya, basi uamuliwe kwa wakati.

Kukaimu nako kuna vituko vyake. Mtu anakalia kiti cha mkuu wa kitengo mwaka mzima, anasaini nyaraka, anabeba lawama, kisha anaambiwa muda ule hauhesabiki. Hofu iliyopo naielewa, kwamba bosi atamkaimisha mtu wake makusudi ili ajikusanyie sifa. Lakini hilo linazuilika kwa kuhesabu ukaimu ulioandikiwa barua na mamlaka ya ajira peke yake. Likizo ya uzazi isipunguze hata siku moja. Likizo bila malipo ya kushughulikia mambo binafsi, hiyo ikatwe, silalamiki.

Masharti yanaweza kuandikwa yakaeleweka. Idara ya zimamoto ya mji wa New Haven, Marekani, ilipoendesha mitihani yake mwaka 2003, mtahiniwa wa cheo cha luteni alitakiwa awe na miezi 30 ya utumishi ndani ya idara, cheti cha sekondari na mafunzo fulani ya ufundi. Wa cheo cha kapteni alitakiwa awe ametumikia uluteni mwaka mmoja. Walifanya watu 118. Matokeo yakaonyesha kwamba hakuna mtahiniwa mweusi ambaye angepata nafasi zilizokuwa wazi wakati huo. Mji ukayatupa, ukihofia kushtakiwa kwa ubaguzi. Waliofaulu wakaenda mahakamani, na mwaka 2009 Mahakama Kuu ya Marekani ikawapa ushindi kwa kura 5 dhidi ya 4, katika kesi ya Ricci dhidi ya DeStefano.

Kesi ile haikuhusu masharti ya kuingia, lakini naitaja kwa sababu ya wakati ubishi ulipoanza: majina yalikuwa yameshajulikana, na kila pendekezo lilikuwa na mtu wa kufaidika na mtu wa kuumia. Orodha za wenye sifa zina tatizo hilohilo. Zikibandikwa wiki moja kabla ya mtihani, hata malalamiko ya haki yanaonekana kama mtu anajipigania tumbo lake.

Kwa hiyo orodha itoke miezi mitatu kabla, na mbele ya kila jina iandikwe tarehe iliyotumika kuhesabu, ili mwenye barua yake aipeleke masijala mapema. Na siku ya kikomo cha kuhesabu iwe ileile kila mwaka, tuseme 1 Januari. Ofisi ikiachiwa kuichagua kila awamu, kuna watu watakaochaguliwa pamoja na tarehe hiyo.