Msasa wa kwenye runinga haukwaruzi

Akili Kids!, chaneli ya runinga ya watoto, ilianza kurusha matangazo jijini Nairobi Machi 2020, mwezi uleule shule zilipofungwa kwa sababu ya korona, na mtoto wa chekechea akapata chaneli yake ya bure. Vipindi vya umri huu hupenda somo la vitu vya nyumbani: mbao, chuma, kitambaa, kipi laini, kipi kinakwaruza. Je, somo la vidole linafundishika kwa macho?

Wanaopinga wana hoja nzito. Mtoto akipapasa skrini, pamba na mabati ni kioo kilekile. Watafiti wa makuzi wameonyesha mara nyingi kwamba mtoto wa chini ya miaka 3 hujifunza machache kwa video kuliko kwa mtu aliye mbele yake. Shirika la Afya Duniani nalo, katika mwongozo wa 2019, linataka mtoto wa miaka 2 hadi 4 asipitishe saa 1 kwa siku mbele ya skrini. Isitoshe, vifaa vyenyewe ni vya bure: kipande cha msasa kwa fundi wa mbao, leso kuukuu, gunzi la mahindi. (Wazazi waliochoshwa na kuagizwa vifaa na walimu wa mtaala wa umilisi, ule wa Kenya wa kujifunza kwa vitendo, watanisamehe.)

Hata hivyo, runinga ina lake. Tone la maji likiangukia leso linanywewa, likiangukia koti la mvua linateleza. Kamera ikisogea karibu, nyuzi zinaonekana zikilowa moja baada ya nyingine. Mwalimu mwenye darasa lililofurika hawezi kuwaonyesha wote tone lile moja.

Mimi naona tatizo kubwa si skrini, ni mtu mzima aliye chumbani. Katika vituo vya kulea watoto mitaa ya mabanda ya Nairobi kama Mukuru, mlezi mmoja ana watoto tele, na runinga huwashwa ili watulie. Hapo kipindi kimegeuka yaya. Kipindi cha maana kingempa mlezi kazi: "Leteni kijiko na kitambaa, vipapaseni," kisha kinyamaze mpaka watoto warudi. Watayarishaji wanauogopa mno ukimya huo, wakihofia mtazamaji atahama, basi wanauziba kwa wimbo. Hofu yao inaeleweka, lakini wimbo huo ndio unaoua somo. Ningekuwa mhariri wao, ningeuliza kila hati ya kipindi: ni wapi mtoto anaambiwa aache kututazama?