Mjomba na Kesho Iliyochelewa

Msinione nimekaa kibarazani hapa Ujiji na daftari mapajani mkadhani nadurusu. Huu ndio urithi wangu. Wenzangu wanarithi michikichi, wanarithi mitumbwi. Mimi nimerithi kesho za watu, tena zimeandikwa kwa kalamu inayovuja.

Marehemu Mjomba alikuwa mpiga ramli, lakini si hawa wa kutafuta kuku waliopotea. Yeye alikuwa anaona wakati. Anamwaga mchanga kwenye sinia, anachora vidoti vyake, anafumba macho, kisha anakutajia siku na saa. Basi angeona mambo ya maana! "Jumanne saa mbili itakukatikia kandambili ya kushoto." Ukimuuliza pesa nitapata lini, anakohoa, anaulizia chai.

Alidai kipaji hicho ni cha ukoo. Stanley alipofika hapa Ujiji mwaka 1871 akamkuta mzungu mwenzake, anasemekana aliuliza, "Daktari Livingstone, nadhani?" Mjomba lilikuwa linamuudhi hilo neno "nadhani" kama kadhaniwa yeye. "Mtu katembea kutoka pwani miezi na miezi, aje kudhani! Angepitia kwa babu yangu mzaa babu, angejua kwa hakika." Na ile meli ya Goetzen ya hapa Ziwa Tanganyika, Wajerumani walipoizamisha wakati wa Vita Kuu ya Kwanza mwaka 1916 ili adui asiipate, kwanza walizipaka injini grisi. Waingereza wakaja kuiibua 1924, na 1927 ikaelea tena kwa jina la Liemba. Mjomba aliapa kwamba grisi ile ilikuwa ushauri wa kwao. Nikamuuliza, walilipwa? Akaulizia chai.

Sasa shida yake. Siku moja katangaza mvua saa nane mchana. Akina mama kule Kibirizi wakaanua dagaa wote mbio mbio. Saa nane jua linawaka. Saa nane na robo bado linawaka. Saa nane na nusu wakamtukana yeye, mimi, na mama yangu aliyemsema vizuri, wakaanika upya. Saa nane na dakika arobaini ikashuka mvua ya kung'oa mabati. Nilitukanwa mara ya pili siku hiyohiyo, na safari hii nilikuwa nimelowa.

Na ilikuwa hivyo kila mara. Kandambili itakatika kweli, lakini ukiwa umeshaacha kuiangalia.

Mwenyewe hakujali. Mtu anayeona wakati ana raha zake. Ng'ambo ya ziwa, ile milima ya Kongo unayoiona hewa ikitakata, saa zao ziko nyuma yetu kwa saa nzima, na Burundi vilevile. Mjomba alikula ugali wa muhogo na migebuka kwangu saa saba, akanawa, akashukuru. Ikifika saa nane anaingia kwa jirani: "Bujumbura sasa hivi ni saa saba, chakula kiko tayari?" Na madeni yake yote aliyahesabu kwa saa za Kongo. Mwenye duka akija asubuhi anaambiwa, "Bado, baba, kule hakujakucha."

Kisha akatabiri kifo chake. Ijumaa, saa nne asubuhi. Ua likajaa. Waliokuja kulia walikuwa wachache, wengi walikuwa na vikaratasi vya madeni. Saa nne ikagonga, Mjomba kakaa kwenye mkeka anakula embe. Watu wakamtazama, yeye akawatazama. Mama mmoja akasema kaacha mandazi kwenye mafuta, akaondoka. Wakafuata wengine wakinung'unika kwamba nauli ya bodaboda nani atarudisha. Saa nne na dakika arobaini Mjomba akaweka kokwa la embe pembeni, akajilaza, akakata roho mbele yangu na kuku mmoja. Ilibidi nikawaite watu upya, na wengine waligoma kurudi, wakasema hatudanganywi mara mbili.

Aliyenifumbua macho ni mpangaji wangu, mwalimu wa jiografia, ambaye kodi ya miezi miwili hajalipa ila maelezo anatoa bure. Akaniuliza Mjomba alijifunzia wapi. Nikamwambia ujanani, kule pwani. Akacheka mpaka akashika ukuta. Dunia, akasema, huzunguka nyuzi moja kila dakika nne. Dar es Salaam iko kwenye nyuzi 39 mashariki, sisi tuko kama 29 na nusu. Piga hesabu: jua la kwetu liko nyuma kwa karibu dakika arobaini, ingawa saa za ukutani ni zilezile. Nikakumbuka Ramadhani: redio inaadhini magharibi ya Dar, wenzetu wanashushia tambi, na sisi huku jua limetukodolea macho juu ya ziwa, uji unapoa. Lo! Kumbe Mjomba alikuwa sahihi maisha yake yote. Alikuwa anapiga ramli kwa jua la pwani.

Nikafanya kosa la kumwambia mke wangu. Kufika jioni Ujiji nzima inajua. Sasa wanapanga foleni hapa kibarazani: niangalizie ukurasa wangu, nijumlishie arobaini. Kuna mmoja kagundua bahati yake ilipita mwaka juzi akiwa ameenda zake baada ya kusubiri nusu saa. Anataka nimlipe fidia. Mimi!

Leo mchana nikasema ngoja nitafute ukurasa wangu mwenyewe. Umo. Mistari miwili tu, na alama ya kikombe cha chai: "Mpwa wangu. Siku atakayousoma huu, saa kumi atabisha hodi mwenye duka, na hesabu yangu yote atadaiwa yeye."

Nimetazama ukutani. Saa kumi na dakika thelathini na nane.

Nimemwambia mke wangu, yeyote atakayebisha amwambie nimevuka Kongo, na kule saa kumi bado haijafika. Ananiambia nishushe sauti, mbona viatu vyake vinaonekana chini ya mlango.