Mji unaoelea, na mimi niliyekwama stendi

Mjukuu wangu yuko darasa la sita, na mwalimu kawaambia waandike insha kuhusu mji wa kubuni. Wenzake nasikia wameandika miji ya dhahabu na peremende. Huyu wa kwangu kaandika mji unaoelea ziwani, na kazi yake ni moja tu: kutunza saa za dunia nzima. Humo kuna kamba. Mlinzi akiivuta, kunakucha. Akiiachia, kunakuchwa. Akipitiwa na usingizi, dunia yote inakaa gizani ikimsubiri yeye.

Nikamuuliza, "Unaelea juu ya nini?"

"Unaelea tu, babu."

Unaelea tu! Sisi wa Walukuba, hapa Jinja, vitu vinavyoelea tunavijua. Aprili 2020, korona imetufungia ndani, kilitokea kisiwa cha mafunjo na udongo. Kilikuwa kimejikata huko kilikokuwa, kikaja polepole kama shemeji asiyealikwa, kikajibanza kwenye bwawa la umeme la Nalubaale. Nchi nzima giza. Na hicho kilibeba majani tu! Sasa wewe kipakie saa za dunia, upepo uvume usiku mmoja, uamke uambiwe Jumanne imeonekana Kisumu. Utaifuata na mtumbwi wa nani?

Mimi mji siupingi. Napinga kuongezewa bosi mwingine wa saa, maana waliopo wananitosha.

Juzi ofisi moja hapa mjini, siitaji, ilinipa karatasi: "Fika saa 2:00 bila kukosa." Mimi na saa mbili tunafahamiana tangu utoto. Saa mbili asubuhi nilikuwa mlangoni, shati limenyooshwa, bahasha kwapani, chai sijanywa. Askari bado anafagia. Saa tatu ikapita. Saa nne mama muuza karanga pale nje akawa amenizoea, akaniomba nimshikie mtoto akatafute chenji. Saa tano mtoto kalala begani kwangu, ute unateremka kwenye lile shati. Saa sita nimeuza karanga za shilingi elfu tatu, na wateja wananiita mzee wa karanga. Saa saba ndipo karani akaisoma karatasi yangu.

"Mzee, hii ni saa mbili ya kizungu. Maana yake saa nane."

"Si mngeandika saa nane?"

"Ndiyo tumeandika. Hiyo hapo, mbili."

Nikanyamaza. Mtu akikujibu hivyo, utamwambia nini? Saa nane ikafika, ya kwangu na ya kwao zikakubaliana, mkubwa wa ofisi akawa hajarudi kula.

Hapa kwetu ikweta, jua halina ujanja. Mwaka mzima linatoka na kuzama karibu wakati uleule, kwa hiyo wazee wakaanza kuhesabu linapotoka, kila mtu akaelewa. Sasa simu inaandika saba, mdomo unasema moja, na mimi kila asubuhi natoa sita kichwani kabla sijapiga mswaki. Hesabu ya bure, hakuna anayenilipa.

Nikamwambia mjukuu, huo mji wako wazungu walishaujenga, tena hauelei. Mwaka 1884 walikutana Washington wakakubaliana saa zote zianzie Greenwich. Leo kuna ofisi pale Sèvres, karibu na Paris, inakusanya saa za maabara za nchi nyingi, inazipatanisha, halafu inawaambia watu wote sasa ni saa ngapi. Sekunde yenyewe wanaipima kwa atomu ya siziamu: itikisike mara 9,192,631,770, ndiyo sekunde moja. Nani alikaa akahesabu? Na huyo hakuwa na watoto wa kulisha?

Tena dunia inapozunguka kwa kujivuta, wanaongeza sekunde. Tangu 1972 wameongeza 27. Ya mwisho waliileta mwisho wa 2016, na kwa saa zetu ilifika Januari mosi saa tisa usiku. Saa tisa usiku! Watu wanagawiwa sekunde ya bure, mimi nakoroma. Yangu ilikwenda hivihivi. Wangeileta mchana ningeitumia, kwa mfano kuifikia teksi iliyoondoka nikilipa muwa.

Na teksi ndiyo hasa ilimshinda mjukuu. Ya Kampala inabeba abiria kumi na wanne, na saa yake ya kuondoka ni huyo wa kumi na nne. Hakuna siziamu wala Greenwich. Kondakta anapiga bati, "Bado mmoja! Bado mmoja!" Unachungulia, kweli imejaa, unaingia unakaa. Ukishakaa tu, wanashuka kumi na mmoja. Kumbe ni vijana wa stendi, wamekalishwa viti ili wewe udanganyike. Mmoja anashuka akikuomba radhi kwa kukukanyaga. Unabaki na mama mwenye kuku wawili na mzee mwingine aliyeingizwa kama wewe, mnatazamana.

"Kondakta, tunaondoka saa ngapi?"

"Sasa hivi, mzee."

Hiyo sasa hivi, ofisi ya Sèvres ije iipime.

Haya yote nilimweleza mjukuu, naye akawa anaandika kwa bidii. Nikafurahi, nikajua nimemzindua. Jioni akanisomea insha. Mji ni uleule, unaelea vilevile, kamba ipo. Ila mlinzi sasa ana jina, na jina ni langu.

"Kwa nini mimi?"

"Kwa sababu unalala sana, babu. Jumatatu tuna mtihani wa hesabu."