Riba ni haramu, ila ya nani?

Kuna ujumbe wa sauti unazunguka kwenye makundi ya WhatsApp, unamsifu "kiongozi Mwislamu aliyeikataa riba" huko Uturuki. Watu wanajibu mashaallah na mikono ya dua. Jamani! Mimi pia ni Mwislamu, pia nasema riba ni haramu, na ndiyo maana ujumbe ule umenichefua.

Tukumbushane. Septemba 2021 riba ya benki kuu yao ilikuwa asilimia 19. Rais wao Erdoğan, ndiye huyo anayesifiwa, ambaye tayari alishafukuza magavana watatu wa benki hiyo katika muda usiotimia miaka miwili, akataka ishuke. Desemba akasema hadharani kwamba yeye, kama Mwislamu, anafuata nassi, yaani maandiko ya dini yanayoharamisha riba. Riba ilikuwa imeshashushwa hadi 14. Lira, sarafu yao, iliyokuwa chini ya 9 kwa dola, ikavuka 18, na wenye akiba wakakimbilia dola.

Hapo serikali ikaleta amana zenye kinga. Weka lira zako benki. Zikiporomoka dhidi ya dola zaidi ya riba unayopata, hazina na benki kuu watakufidia. Yaani mwenye mamilioni analipwa kwa sababu sarafu imeanguka, na anayechangia malipo hayo ni muuza simit (mkate wa duara wenye ufuta) wa mtaani asiye na hata akaunti, kupitia kodi na bei za sokoni. Hiyo nayo ni nini kama si riba? Ni riba iliyodhaminiwa na serikali, imevalishwa kanzu. Kufikia 2023 amana hizo zilikuwa zimepita dola bilioni 100. Wenye majina nao wakakopa kwa riba ndogo kuliko mfumuko wa bei, ambao kwa takwimu rasmi uligonga asilimia 85 Oktoba 2022. Mpangaji je? Serikali ilikataza kodi ya nyumba kupanda zaidi ya asilimia 25 kwa mwaka, basi wenye nyumba wakawa wanatafuta kila sababu ya kumtoa ili aingie mpya kwa bei mpya.

Haya, nakubali: serikali hiyohiyo ya Erdoğan ndiyo iliyoufikisha mfumuko kwenye tarakimu moja mwaka 2004. Na reli yetu ya Dar hadi Morogoro wameijenga Waturuki, napanda na nafurahia. (Wenzetu wa Kariakoo wanaofuata nguo Laleli, mtaa wa nguo za jumla Istanbul, walishangilia lira ilipoanguka. Sasa ndio wanaolia kwamba Istanbul imekuwa ghali hata kwa dola.) Ya İmamoğlu, meya wa Istanbul na mpinzani wa Erdoğan aliyekamatwa Machi 2025 siku moja baada ya shahada yake kufutwa, tuyaache leo, nitakasirika bure.

Mei 2023 Erdoğan alishinda tena urais. Juni akamrudisha Mehmet Şimşek kwenye wizara ya fedha, na riba, iliyokuwa imeshuka hadi 8.5, ikaanza kupanda. Machi 2024 ilikuwa 50. Rais yuleyule, nassi ileile. Uchaguzi tu ndio ulikuwa umeshapita.