Asilimia 70 ya nini? Unity, nembo yake na chalii mwenye laptopu moja

Ukitaka kujua kwa nini Unity, injini (yaani programu ya kutengenezea gemu), inadharauliwa hata na watu wanaoitumia kila siku bila kujua, tazama sekunde chache za mwanzo za gemu. Kwa miaka mingi, aliyetengeneza gemu kwa leseni ya bure alilazimika kuonesha nembo ya Unity kila gemu inapofunguka. Mwenye leseni ya kulipia aliruhusiwa kuiondoa. Basi ikawa hivi: gemu ya mwanafunzi, iliyojaa matangazo na miti aliyoinunua tayari kwenye duka la vifaa la Unity, inajitangaza kwa nembo kubwa, ilhali Hearthstone, Pokémon Go na Genshin Impact, zilizotengenezwa kwa injini hiyohiyo, hazilazimiki kusema neno. Mchezaji anaona nembo, anaona ubovu, anaunganisha. Kwa miaka zaidi ya kumi kampuni ilijiharibia jina kwa kanuni iliyoiandika yenyewe.

Mtu wa Kilimanjaro haelezwi hili mara mbili. Kahawa nzuri ya Kibosho na Old Moshi inaondoka ikiwa haijakaangwa, inachanganywa mbali, inauzwa kwa jina la mwingine. Anayeisifu kikombeni hajui imelimwa kwenye kihamba cha nani.

Nimeanza na nembo kwa sababu nadhani nusu ya ubishi kuhusu Unity ni ubishi wa nembo. Jumamosi moja hapa Njiro, Arusha, tunapokutana watu sita saba wa kutengeneza gemu, kila mtu na kompyuta yake na bando lake, alitujia chalii kutoka Moshi. Amemaliza kidato cha sita, ana laptopu ya kaka yake yenye RAM ya GB 8, anataka kuanza. Akaniuliza: "Ticha, niende na injini ipi?" Kabla sijafungua mdomo, mwenzangu mmoja anayeandika programu kwa mshahara akamjibu: "Yoyote ila Unity. Baada ya ile ada ya 2023 bado unawaamini wale? Chukua Godot, dogo." Godot ni injini nyingine ya gemu, ya bure. Hoja ya mwenzangu ina uzito na nitaifikia. Kilichonikera ni ile sauti, kana kwamba aliyebaki Unity ama hajasikia habari ama hana akili.

Sasa takwimu. Unity wenyewe wamekuwa wakisema kwamba zaidi ya asilimia 70 ya gemu 1,000 zinazoongoza kwenye simu zimetengenezwa kwa injini yao. Namba hii inarudiwa kila mahali, na kila inaporudiwa inapoteza neno moja. Kwanza linadondoka neno "zinazoongoza". Kisha "1,000". Kisha "kwenye simu". Mwishowe unamsikia mtu anasema asilimia 70 ya gemu zote duniani ni Unity, jambo ambalo hata Unity hawajalisema. Halafu anayehesabu ni muuzaji mwenyewe, na idadi ya gemu si idadi ya fedha. Gemu zenye bajeti za kutisha nyingi ziko kwenye Unreal ya Epic Games au kwenye injini ambazo kampuni zimejijengea na haziuzi.

Hili huhitaji kulisoma popote. Ingia banda lolote la gemu, liwe Kaloleni hapa Arusha au Majengo kule Moshi. Vijana wako kwenye FIFA, ambayo siku hizi inaitwa EA Sports FC: hiyo ni Frostbite, injini ya EA wenyewe tangu toleo la FIFA 17. Jirani yao anacheza GTA V: RAGE, injini ya Rockstar. Anayeshikilia eFootball yuko kwenye Unreal. Unaweza kushinda humo mpaka magharibi, ukamaliza hela zote za mfukoni, usikutane na Unity hata mara moja. Ukiniuliza ukiwa umekaa kwenye benchi la banda, nitakuambia ile 70 ni porojo.

Toka nje. Konda anayesubiri gari lijae ameinamia simu. Free Fire: Unity. Mtoto aliyempokonya mama yake simu kwenye foleni anakimbia juu ya treni za Subway Surfers: Unity. Call of Duty ya simu, ile wanayoipakua wenye bando la usiku: Unity. Hapo namba inaanza kupata mwili. Inazungumzia simu, na kwetu simu ndiyo konsoli, yaani mashine ya gemu, ndiyo televisheni, ndiyo kompyuta ya kwanza ambayo kijana anaimiliki kwa jina lake. Kwa mtu aliyekaa California, kusema "kwenye simu" kunaipunguza ile takwimu, kwa sababu kule gemu ni konsoli na kompyuta kubwa pia. Kwa chalii wa Moshi hakuipunguzi kitu. Soko lake lote limo ndani ya hilo neno linalodondoka. Kwa hiyo wanaoitia chumvi na wanaoicheka, wote wananiudhi sawasawa, ingawa wanaocheka wananiudhi zaidi kidogo.

Na kuenea huko kunamsaidia nini anayeanza? Mkosoaji anadhani tunasema "wengi wanaitumia, kwa hiyo ni bora". Sijawahi kusema hivyo. Ninachosema ni kwamba wingi wenyewe ndiyo bidhaa. Saa nane usiku gemu imegoma kufunguka kwenye Tecno moja tu, kwenye simu nyingine zote inafunguka. Ukiwa na Unity, kuna mtu Jakarta au Lagos aliyekwama hapohapo miaka mitano iliyopita, akauliza, akajibiwa, na jibu bado lipo. Shirika la matangazo likitoa kifurushi chake cha programu cha kuweka matangazo ndani ya gemu, hukosi cha Unity. Mtengeneza simu akibadilisha jambo, Unity inarekebishwa kabla wewe hujajua kuna kilichobadilika. Juu ya hayo kuna lugha: Unity inaandikwa kwa C#, ambayo ofisi nyingi zinaitumia kwa mifumo ya mauzo na mishahara. Kijana akishindwa kuishi kwa gemu, na wengi watashindwa, anabaki na kitu mkononi. Godot nayo inakubali C#, kweli, lakini wengi wanaoingia huko wanaanza na GDScript, lugha isiyotumika nje ya Godot.

Afrika Kusini wameshaonesha. Free Lives wa Cape Town walitoa gemu ya Broforce kwa Unity. Nyamakop wa Johannesburg wakatoa Semblance mwaka 2018, ikafika hadi kwenye Nintendo Switch. Hakuna aliyesubiri kwanza ajenge injini. Hata Unity yenyewe ilizaliwa hivyo: vijana watatu wa Copenhagen walitengeneza gemu iitwayo GooBall, haikuuzika, wakauza zana walizoitengenezea. Walifeli kuuza mavuno wakauza jembe. Hiyo ni 2005. Mwaka 2009 wakatoa toleo la bure, na hapo ndipo watu wa hali yetu walipoingia.

Haya, 2023. Tarehe 12 Septemba mwaka ule Unity walitangaza ada mpya: kuanzia Januari 2024, kila gemu inaposakinishwa, mtengenezaji alipe. Kwa wenye leseni ya chini ilikuwa hadi senti 20 za dola kwa kila usakinishaji, na senti 2 kwa watumiaji wa nchi kama zetu. Mwenzangu alivyolisimulia Jumamosi ile, ungedhani wangekuja Njiro kugonga mlango. Ada hiyo ilimhusu mtu ambaye gemu yake imeingiza dola 200,000 ndani ya miezi kumi na miwili, na imesakinishwa mara 200,000. Yote mawili kwa pamoja. Dola 200,000 kwa kiwango cha wakati ule ni kama shilingi milioni 500. Katika kundi letu hakuna aliyewahi kuona hata asilimia moja ya fedha hiyo kutoka kwenye gemu. Tulikuwa tunaogopa kodi ya ghorofa na bado tumepanga chumba kimoja.

Lakini haki yake nimpe. Ubaya haukuwa kiasi. Ubaya ulikuwa kwamba ada ingegusa hata gemu zilizokwisha kutoka, zilizojengwa chini ya masharti mengine, na kwamba usakinishaji ungehesabiwa na kampuni yenyewe kwa njia yake. Tena waliahidi nafuu kwa atakayetumia huduma zao, zikiwemo za matangazo, na hapo ukaona mkia wa mnyama: Unity inaingiza fedha nyingi kwenye matangazo kuliko kwenye injini. Mtu aliyekupa jembe bure na shamba la kukodi ni lake, lazima siku moja mzungumze. Sitetei hata herufi moja ya tangazo lile.

Kilichofuata ndicho wanachokiruka. Siku kumi hazikupita, wakaomba radhi na kulegeza masharti. Oktoba mkuu wa kampuni, John Riccitiello, akaondoka. Tarehe 12 Septemba 2024, mwaka mmoja kamili, ada ikafutwa kabisa kwa gemu. Kikomo cha mapato kwa leseni ya bure kikapandishwa kutoka dola 100,000 hadi 200,000, na kuanzia Unity 6 ile nembo ya kulazimishwa ikawa hiari. Waliolipia leseni ya Pro walipandishiwa bei, sawa. Nani alilazimisha haya? Wingi uleule unaochekwa. Kampuni yenye wateja mia ingewasubiri wachoke kupiga kelele. Hii ilikuwa na maelfu, na baadhi yao hawakutishia tu: waliokuwa wakiandaa gemu ya Slay the Spire 2 waliihamishia Godot. Na hapo nakiri kwamba bila Godot kuwepo kelele zile zisingekuwa na meno. Mimi niliyebaki Unity nina deni kwa waliohama.

Hofu yangu mimi kuhusu kuenea ni nyingine, na mwenzangu hakuigusa. Oktoba 2025 Unity walitangaza tundu la kiusalama lililokuwa kwenye injini tangu toleo la 2017.1. Miaka minane ya gemu, kwenye Android, Windows na kwingine, zote zina ufa mmoja kwa sababu zote zimepita kwenye tanuru moja. Walisema hawajaona dalili kwamba kuna aliyeutumia, wakatoa marekebisho pamoja na zana ya kuziba gemu zilizokwisha kujengwa. Kampuni kubwa zikaziba. Je, yule aliyetoa gemu moja 2019, laptopu ikaibiwa na faili zote, sasa anauza vifaa vya simu? Gemu yake bado imo kwenye simu za watu. Nimelifikiria hili na sina jibu la kumpa anayelitumia kunipinga.

Kuna na hoja ya uzito wa faili, nayo ndiyo mwenzangu angeanza nayo badala ya hasira za 2023. Godot unaipakua kwa MB mia hivi. Unity na vikorombwezo vyake vya Android ni GB kadhaa, na anayenunua bando kwa siku anaujua uchungu wa GB moja inayokatika ikiwa asilimia 90. Godot ina hata toleo linaloendeshwa kwenye simu ya Android yenyewe. Ni programu huria tangu 2014. Hakuna mkurugenzi wa kuamka asubuhi akaandika ada. Kwa lugha ya kwao chalii, Godot ni mfongo wa ukoo, yaani mfereji wa maji wa wote: hakuna wa kukufungia maji, ila siku ukizibika mnapanda mlimani wenyewe na majembe. Nani katika sisi ana muda wa kupanda? Wachache. Lakini wapo, na naambiwa mfongo unazidi kupanuka.

Siku ile hatukumaliza ubishi, umeme ukakatika na laptopu zikaanza kuhesabu dakika. Nilikuwa na kisakinishi cha Unity pamoja na sehemu ya Android kwenye diski ya nje, kama walivyo nacho wanne kati ya wale sita, na chalii alinakili kwa dakika ishirini bila kugusa bando lake. Mwenzangu naye akachomoa flashi akampa Godot. Ilimaliza kunakiliwa kabla hajafunga mkoba. Akaenda kuwahi kosta ya Moshi na zote mbili. Jumatano alinitumia ujumbe wenye picha ya kosa jekundu la Unity, mistari minne. Niliitafuta sentensi ya kwanza ya kosa lile, na jibu lilikuwepo, la mwaka 2021, la mtu ambaye simjui.